Mkubwa wa kampuni ya ukaguzi anatengenezwa namna gani, na sisi wa agronomia inatuhusu nini



Kati yetu tuliomaliza masomo, neno moja linarudi kila siku: "Kuwa mkubwa ni kujuana tu." Mimi sikatai kama kujuana kuko. Lakini leo nataka tuangalie aina moja ya wakubwa ambao watu wa huku hatuwajui sana, ni wale wanaoongoza kampuni za ukaguzi wa hesabu na ushauri. Njia yao iko wazi kuliko nyingine, na iko na funzo kwa mtu anayefanya kazi na vyama vya wakulima hapa Masisi na Walikale.

Kwanza, hizi kampuni zinauza nini? Haziuzi sementi wala mafuta. Zinauza neno la mtu anayeaminika. Kampuni kubwa inaandika hesabu zake za mwaka, kisha mkaguzi kutoka nje anazichunguza na kutia sahihi: hizi hesabu zinaonyesha ukweli. Kwa sahihi ile benki inakopesha, na mwenye franga analeta franga yake. Zile nne kubwa duniani ni Deloitte, PwC, EY na KPMG. PwC peke yake ilikuwa na wafanyakazi zaidi ya 370,000 mwaka 2024. Mzizi wake ni ofisi ndogo ambayo Samuel Lowell Price alifungua London mwaka 1849. Jina la sasa lilikuja mwaka 1998, wakati Price Waterhouse iliungana na Coopers & Lybrand.

Pili, ngazi. Kijana anaingia chini kabisa. Anahesabu stoki kwenye depo, anasoma risiti moja moja, anauliza maswali ambayo mwenye depo hapendi. Usiku anasoma kwa ajili ya mitihani ya uhasibu. Akipita, anasimamia kikundi kidogo, halafu anakuwa meneja, halafu mkurugenzi. Mara nyingi ni kiisha miaka kumi na zaidi njo anaweza kuitwa mshirika. Mshirika si mfanyakazi wa kawaida. Anaweka mtaji wake ndani ya kampuni, anagawana faida, na anatia sahihi. Wengi wanatoka njiani mbele ya kufika pale. Na mkurugenzi mkuu, kwa desturi ya kampuni hizi, anatoka kati ya washirika, na wao njo wanaomkubali. Kwa hiyo mkubwa pale anawaongoza watu ambao ni wenye mali sawa naye. Hawezi kuwafokea sawa vile shefu anafokea planto wake.

Mfano wa mwenzetu Mwafrika: Mohamed Kande. Alizaliwa Côte d'Ivoire, akaenda Ufaransa angali kijana, kisha akasoma uhandisi wa umeme. Angalieni vizuri: uhandisi, si uhasibu. Alifanya kazi katika kampuni ya ushauri inayoitwa PRTM. Mwaka 2011 PwC ilinunua PRTM, naye akaingia pamoja nayo. Akapanda kwa upande wa ushauri, na tarehe 1 Julai 2024 akawa mwenyekiti wa PwC ya dunia nzima. Nafasi ile alipokea pamoja na mizigo. Mwezi wa Septemba mwaka uleule, serikali ya China ilisimamisha kampuni ya PwC ya kule kwa miezi sita na kuitoza faini ya yuan milioni 441, juu ya ukaguzi wa kampuni ya nyumba Evergrande. Kazi ile ilifanyika mbele yake, na wengine njo waliifanya. Lakini jina likichafuka fasi moja, mkubwa njo anayeulizwa.

Kuna waliopoteza zaidi. Arthur Andersen ilikuwa na watu kama 85,000. Mwaka 2002, kiisha mambo ya Enron kule Marekani, wateja walikimbia na kampuni ikaanguka. Majengo yalibaki, watu walibaki, kompyuta zilibaki. Kilichoondoka ni imani. Bila imani, hakukuwa tena na kitu cha kuuza.

Mfano wa karibu zaidi ni James Mwangi wa Kenya. Yeye ni mhasibu, si mkuu wa kampuni ya ukaguzi, lakini ufundi ni uleule. Aliingia Equity mwaka 1993, wakati ilikuwa chama cha kukopesha watu kujenga nyumba, na zaidi ya nusu ya mikopo yake ilikuwa hailipwi. Benki Kuu ya Kenya ilikuwa imekwisha kusema kama imefilisika. Kazi ya kwanza ilikuwa kujua ukweli wa hesabu na kurudisha imani ya watu wadogo wenye akiba ndogo. Mwaka 2004 ikawa benki. Mwaka 2015 iliingia Kongo kwa kununua ProCredit, na mwaka 2020 ikanunua sehemu kubwa ya BCDC, benki iliyozaliwa mwaka 1909. Ile EquityBCDC tunayoijua ilitoka pale.

Sasa turudi huku kwetu. Ofisi za hizi kampuni ziko Kinshasa na Lubumbashi, hazitakuja Nyabiondo kesho. Lakini sheria iko. Nchi yetu iliingia OHADA mwaka 2012, na sheria ya OHADA juu ya koperative, ya mwaka 2010, inataka kila koperative iwe na watu wa kuangalia wale wanaoongoza. Tatizo ni kwamba mara nyingi kamati ile iko kwa karatasi tu. Mwanamemba hajui kuuliza, na kiongozi hajui kujibu. Hapo ugomvi unaanza, watu wanarudi kuuzia mnunuzi wa barabarani kwa bei anayotaka yeye.

Hapa agronomia inasaidia. Tuseme wanamemba walileta maharagi kilo 2,000, yakiwa na unyevu wa asilimia 18. Kiisha kukausha mpaka asilimia 13, mizani inaonyesha kilo 1,860. Kilo 140 zimeenda wapi? Mtu wa hasira atasema: jestionere ameiba. Sisi tunahesabu. Kitu kikavu kilichokuwa ndani ni asilimia 82 ya 2,000, maana yake kilo 1,640. Ukigawa kwa 0.87 unapata karibu kilo 1,885. Basi kilo 115 ni maji yaliyoondoka, hakuna mwizi. Zinabaki kilo 25. Hizo njo za kuuliza: ni panya, ni magunia yaliyopasuka, au ni mtu? Hesabu ile imemwokoa jestionere kwa kilo 115, na imemwajibisha kwa 25. Ukaguzi uko vile. Si kutafuta mwizi, ni kutenganisha kinachoelezeka na kisichoelezeka.

Kwa mtu anayetaka kuanza, vitu vitatu vinatosha: risiti kwa kila kilo inayoingia, fishi ya stoki kwa kila gunia linalotoka, na kitabu cha kese kinachofungwa kila juma mbele ya watu wawili. Pima unyevu siku ya kupokea, uandike. Kisha soma hesabu zile kwa sauti katika mkutano, kwa Swahili, si kwa Kifaransa cha ofisi. Anayetaka kwenda mbali zaidi ajue kwamba Ordre ya wahasibu wataalamu iliundwa kwa sheria mwaka 2015, na njia ile haijafungwa kwa mtu aliyesoma kitu kingine akikubali kurudi kwenye masomo.

Wakati benki za Goma zilifunga milango mwaka 2025, wengi tuliona kwamba franga inaweza kuwa yako na usiweze kuigusa. Vita hatuwezi kuizuia kwa kalamu. Lakini kitabu kilichoandikwa vizuri, watu wanaweza kukikimbia nacho, na wakirudi wanajua nani alileta kilo ngapi. Koperative yenye kitabu hicho inaweza kuanza tena bila kugombana.