Shamba Halitwaliwi kwa Panga



Mvua za kwanza zikinyesha, ugomvi wa mashamba nao huanza. Leo tuzungumze jambo moja: mtu akikuingilia shambani kwa nguvu, mahakama ya jinai inaweza kukusaidia nini, na haiwezi nini?

Tuchukue mfano. Mama mmoja analima ekari mbili kwa miaka mingi. Asubuhi moja anamkuta jirani yake shambani na vijana sita wenye mapanga. Mahindi yamefyekwa.

"Kulikoni, jirani?" anauliza mama.

"Pori hili alifyeka babu yangu. Toka!"

Hapa kuna maswali mawili. Tusiyachanganye. La kwanza: shamba ni la nani? La pili: nani ametumia nguvu?

Nguvu ni kosa

Tuanze na swali la pili. Sheria ya Kanuni za Adhabu, Sura ya 16, inasema kuingia katika ardhi kwa nguvu ili kuitwaa ni kosa. Nguvu siyo kupiga tu. Kutishia ni nguvu. Kuvunja nyumba ni nguvu. Kukusanya kundi la watu lisilo la kawaida ni nguvu vilevile.

Na hapa tusikilizane vizuri: hata kama una haki ya kuingia katika shamba hilo, ukilitwaa kwa nguvu toka kwa mwingine umetenda kosa. Jirani yule anaweza kushtakiwa hata kama kweli babu yake ndiye aliyefyeka pori.

Je, kama bado hawajaja, ila wanatishia? Usingoje damu imwagike. Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai, Sura ya 20, inampa hakimu uwezo. Akielezwa kwa kiapo kwamba mtu fulani anaelekea kuvunja amani, anaweza kumwita mtu huyo na kumtaka atie sahihi hati ya kutunza amani.

Shamba ni la nani?

Swali hili mahakama ya jinai haliamui. Wengine hukimbilia polisi kumshtaki jirani kwa kuingia kwa jinai. Wanadhani akifungwa, basi, shamba limekuwa lao. Sivyo! Mahakama Kuu ya Tanzania ilikwisha sema hivyo katika uamuzi uliochapishwa kwenye ripoti za sheria za mwaka 1992. Kama umiliki bado unabishaniwa, shtaka la kuingia kwa jinai haliwezi kusimama. Kwanza umiliki uamuliwe kwa kesi ya madai.

Twende wapi basi? Tuanze na Baraza la Ardhi la Kijiji. Lina wajumbe 7, na wanawake wasipungue 3. Kazi yake ni kusuluhisha. Lipo pia Baraza la Kata. Tangu mwaka 2021 baraza hili nalo linasuluhisha tu, halikati kesi. Likishindwa kuwapatanisha, au siku 30 zikipita bila mapatano, nenda Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Huko ndiko kesi inakosikilizwa na kuamuliwa. Usiporidhika, kata rufaa Mahakama Kuu.

Lakini usikae kimya miaka na miaka. Muda wa kudai ardhi ni miaka 12. Ukipita, madai yako hayapokelewi.

Tumia kalamu yako

Ndugu, kujua kusoma na kuandika ni ngao. Andika tarehe uliyovamiwa. Andika majina ya walioshuhudia, alama za mipaka, na mazao yaliyoharibiwa. Tunza karatasi zote za shamba. Wala usitie sahihi karatasi yoyote kabla hujaisoma mpaka mwisho.

Mama yule akipeleka maandishi yake kwenye baraza, atasikilizwa. Akichukua panga naye, watakwenda rumande wote wawili, na shamba litabaki na magugu.

Maswali ya kujadili

1. Kwa nini mwenye shamba naye anaweza kushtakiwa?
2. Wajumbe wa Baraza la Ardhi la kijiji chenu ni akina nani? Wanawake ni wangapi?
3. Mipaka ya shamba lako inajulikana na nani zaidi yako?