Sinema ya Mtu Mmoja
Sinema nyingi hutengenezwa na makampuni makubwa. Mwenye fedha ndiye anayeamua hadithi iweje. Melvin Van Peebles wa Marekani alikataa. Alitaka sinema ambamo mtu mweusi anawapiga polisi waonevu na kuwatoroka. Hakuna kampuni kubwa iliyokubali kuigharimia. Basi akatoa fedha zake, akakopa na dola 50,000 kwa mchekeshaji Bill Cosby. Hadithi aliandika yeye, aliongoza yeye, muziki alitunga yeye, na mchezaji mkuu ni yeye huyo huyo! Hiyo si kazi ndogo, tunavyoona sisi. Mwaka 1971 majumba mawili tu, la Detroit na la Atlanta, yalianza kuionyesha. Watu wakafurika, mamilioni ya dola yakaingia. Cosby akarudishiwa mkopo wake. Fungu la faida hakutaka.