Rwanda: Taka za kompyuta zilivyojenga ulimwengu wa filamu

Mbunifu wa mandhari ndiye anayeamua mtazamaji ataona nini nyuma ya waigizaji: nyumba, samani, hata rangi za kuta. Katika filamu huru, isiyogharamiwa na kampuni kubwa, mara nyingi hulazimika kutumia vilivyopo.

Mfano ni Neptune Frost ya mwaka 2021, iliyorekodiwa nchini Rwanda ingawa kisa chake ni cha Burundi. Msanii Mnyarwanda Cedric Mizero, aliyebuni mandhari na mavazi, alitumia nyaya na vipuri vya kompyuta zilizotupwa. Taka hizo si pambo tu. Filamu inawahusu wachimbaji wa koltani, madini yanayotumika kutengenezea vifaa vya kielektroniki. Hivyo, kabla mwigizaji hajatamka neno, mandhari yenyewe imekwishauliza: ni nani anayenufaika na jasho la wachimbaji hao?