Udongo wa Kufugia Sisimizi

Mwaka 1956 Mmarekani Milton Levine alianza kuuza kiboksi chembamba cha plastiki, ambamo watoto waliwatazama sisimizi wakichimba njia zao. Ndani mlikuwa na mchanga mweupe. Weupe huo ulimfaa mtazamaji, maana sisimizi wekundu walionekana vizuri juu yake. Sisimizi mwenyewe hajali rangi. Anataka udongo unaoshikana na wenye unyevu.

Yeye huchimba kwa taya, akibeba punje moja baada ya nyingine. Mchanga mkavu humporomokea kabla hajafika mbali. Udongo wa mfinyanzi mtupu nao ukikauka hupasuka na kuwa mgumu kama tofali. Kinachofaa ni mchanganyiko, na wafugaji wengi huanza na mafungu matatu ya mchanga kwa fungu moja la mfinyanzi. Mchanga wa ufukweni una chumvi. Asiyekuwa na mwingine auoshe mara kadhaa kwa maji baridi. Udongo mweusi wa bustani wenye samadi ni wa kuepukwa kabisa, kwa kuwa huota ukungu haraka.

Mwenye shaka na udongo wa uani kwake ana kipimo cha bure. Atie kiasi kwenye chupa ya kioo, aongeze maji, atikise kwa nguvu kisha aiache mezani. Mchanga hutua chini ndani ya dakika moja hivi. Juu yake hujipanga chembe laini zaidi kwa saa kadhaa, na mfinyanzi huweza kuyafanya maji yawe machafu hata siku nzima. Tabaka hizo zikipimwa kwa rula, zinaonyesha cha kuongeza.

Udongo huchekechwa, kisha hukaangwa ili kuua utitiri, mayai ya wadudu na ukungu. Nusu saa kwenye moto wa wastani, huku ukikorogwa, inatosha. Sufuria iwe kuukuu. Mwenye jiko hatasamehe harufu ile. Ukipoa hunyunyiziwa maji kidogo kidogo. Ukiufumbata mkononi na kuufumbua, unapaswa kubaki donge, na ukiguswa kwa kidole, donge livunjike. Likichuruzisha maji, umelowa mno.

Nafasi kati ya vioo viwili vya kiota isizidi sana sentimita 1, la sivyo sisimizi watachimba katikati na mtazamaji ataona udongo tu. Udongo hushindiliwa taratibu, tabaka kwa tabaka, na penseli hutoboa tundu la kuanzia kandokando ya kioo. Kitambaa cheusi kikifunika nje, wachimbaji hukiamini kioo kama ukuta wa kawaida.

Kosa linalorudiwa sana ni kumwagia maji kiota kizima. Yanafaa kutiwa upande mmoja. Mabuu hukauka upesi, hivyo sisimizi walezi huyahamishia penye unyevu. Sisimizi wala mbegu huweka ghala lao pakavu, maana mbegu iliyolowa huchipua au huoza. Kiota chenye pande hizo mbili huwaachia wenyewe uchaguzi, nao huchagua vizuri kuliko mfugaji.

Malkia mchanga, aliyedondosha mbawa baada ya mvua, hahitaji udongo hata kidogo. Humtosha kichupa chenye maji nyuma ya kizibo cha pamba, gizani, mpaka wafanyakazi wake wafike ishirini au thelathini. Vichupa vya namna hiyohiyo, vyenye pamba, ndivyo vilivyonaswa Kenya mwaka 2025 vikiwa na sisimizi wapatao 5,000 waliokuwa wakitoroshwa nje. Vijana wawili wa Ubelgiji waliokutwa navyo walihukumiwa kila mmoja faini ya shilingi milioni 1 au kifungo cha miezi 12. Sisimizi wa porini ni wanyamapori mbele ya sheria ya huko, kwa hiyo mfugaji aulize habari za kibali kabla hajamwokota malkia.