Mwanamichezo Asiyeonekana

Kwenye skrini hakuna mtu. Kuna maumbo tu: yanajikunja, yanafumuka, yanarefuka kama uzi unaovutwa, halafu yanakusanyika tena. Hakuna jezi wala bendera. Hata hivyo mtazamaji akitulia kidogo anashtuka: kumbe huyu ni mwanamichezo, na yuko hewani!

Ndiyo Forms, kazi ya katuni dhahania iliyotengenezwa mwaka 2012 na Memo Akten, mzaliwa wa Istanbul, pamoja na Quayola, mzaliwa wa Roma, kwa ajili ya makumbusho ya National Media Museum ya Bradford, Uingereza. Walichukua video za Michezo ya Jumuiya ya Madola, wakafuatilia mwendo wa wanamichezo, kisha wakaondoa mwili na kubakiza nguvu zake: uzito unaoshuka, mgongo unaopinda. Mwaka 2013 ikatwaa Golden Nica, tuzo kuu ya Prix Ars Electronica nchini Austria.

Mizizi ya kazi hii ni ya zamani. Miaka ya 1880, jijini Paris, mwanafiziolojia Étienne-Jules Marey alikuwa akipiga picha nyingi za mtu mmoja juu ya bamba moja la kioo la kupigia picha. Tatizo likawa kwamba miili ilipandana hadi haieleweki. Akamvisha mtu wake nguo nyeusi kuanzia kichwani hadi miguuni, akamtia mistari myeupe kwenye mikono na miguu, akampitisha mbele ya ukuta mweusi. Nguo ikamezwa na giza. Kwenye kioo ikabaki mistari mitupu, goti likipanda, mguu ukitua, imepangana kama miiba ya samaki. Ni picha nzuri ajabu, ingawa yeye alitafuta vipimo, si uzuri.

Jicho linamtambuaje mtu asiyekuwepo? Mwaka 1973 Gunnar Johansson, mwanasaikolojia wa Sweden, alionyesha watu gizani wakiwa na taa kwenye viungo tu. Wakisimama, ni nukta zisizo na maana. Wakitembea, watazamaji wanamtambua binadamu papo hapo.

Televisheni imetuzoesha kungoja bao na medali, na mwendo wenyewe unatupita. Forms inaturudishia huo mwendo. Katika maonyesho iliwekwa kwenye skrini mbili, moja ya maumbo, nyingine ikifichua video halisi yalikotoka. Ukibahatika kuiona, anza na maumbo. Hiyo nyingine itazame baadaye.