Mpiga Picha au Msanifu Picha?

Tulipokuwa tukipitia tafsiri ya maelezo ya filamu moja ya Kimarekani, tulikuta watu watatu wameitwa kwa jina moja, "mpiga picha": aliyeendesha kamera, aliyepiga picha mnato za matangazo, na aliyeamua mwanga na rangi za filamu nzima. Hatumlaumu mfasiri, istilahi ndiyo iliyompungukia.

Tumchukue Ernest Dickerson, ambaye kazi yake ilikuwa hiyo ya tatu. Alisomea usanifu majengo katika Chuo Kikuu cha Howard, kisha akaingia shule ya filamu ya Chuo Kikuu cha New York, alikokutana na Spike Lee. Mwaka 1984 alisimamia picha za "The Brother from Another Planet" ya John Sayles. "She's Gotta Have It" ya Lee, iliyotolewa mwaka 1986, ilipigwa kwa siku 12, kwa fedha za kuokoteza, yote kwa nyeusi na nyeupe isipokuwa onyesho moja la dansi lenye rangi. Katika "Do the Right Thing" (1989), kisa cha siku moja ya joto kali mtaani Brooklyn, joto hilo lilijengwa kwa rangi: ukuta ulipakwa nyekundu, na rangi za ubaridi kama buluu zikaepukwa. Hayo yaliamuliwa kabla kamera haijawashwa.

Kwa hiyo twapendekeza "msanifu picha", kwa mfano wa "msanifu majengo", ambaye naye hashiki mwiko wala hapangi tofali. "Mpiga picha" abaki kuwa mwenye kuendesha kamera. Katika filamu ndogo, aghalabu mtu mmoja huwa yote mawili. Hapo mfasiri aandike yote mawili.

Limebaki neno "huru". Anayesoma "filamu huru" ofisini huweza kudhani ni filamu isiyopitia kwa wakaguzi. "Filamu ya kujitegemea" ni istilahi ndefu, tena ina mwangwi wa Azimio la Arusha la mwaka 1967, lakini hutaja jambo lenyewe, yaani chanzo cha fedha. "Malcolm X" (1992) ilisambazwa na kampuni kubwa, Warner Bros.; msanifu picha alikuwa Dickerson yule yule, mfuko ndio uliobadilika. Mwaka huo huo aliongoza filamu yake mwenyewe, "Juice", akaitwa mwongozaji, na kwa istilahi hiyo hatuna ugomvi.