Kutoka Jukwaani Hadi Kwenye Mswada: Mchekeshaji na Hadhira Asiyoiona

1.0 Utangulizi

Makala haya yanaeleza kinachobadilika pale mchekeshaji wa jukwaani anapogeuka kuwa mwandishi wa miswada ya filamu. Mfano unaotumika ni Amri Athuman (1948–2018), maarufu kwa jina la King Majuto, mzaliwa wa Tanga aliyepanda jukwaani mwaka 1958 akiwa bado mtoto, na ambaye baadaye alitunga na kuongoza filamu za vichekesho. Hoja kuu ni kwamba fanani wa aina hii hapotezi ufanani wake. Anachopoteza ni hadhira iliyo mbele yake, na mswada ndio unaoweza kuifidia hasara hiyo.

2.0 Hadhira ya jukwaani na hadhira ya filamu

Katika kichekesho cha jukwaani, fanani na hadhira hutunga pamoja. Aghalabu waigizaji huafikiana kisa tu. Maneno huzaliwa papo hapo. Kicheko kikichelewa, fanani hurudia, hukuza ishara au hubadili mzaha. Filamu haimpi nafasi hiyo. Mtazamaji aliyeko Mpanda, mwisho wa tawi la reli litokalo Kaliua, hawezi kumjibu mwigizaji wa Tanga. Isitoshe, katika mkoa wa Katavi, ulioanzishwa mwaka 2012, Kiswahili huzungumzwa sambamba na Kibende, Kikonongo na Kipimbwe. Mzaha unaotegemea lafudhi ya pwani waweza kumpita mtazamaji huyo. Unaotokana na hali humfikia.

Tuchukue kisa cha bahili anayemficha mgeni chakula. Mtazamaji akioneshwa sufuria uvunguni kabla mgeni hajabisha hodi, kila neno la ukarimu la mwenyeji litachekesha. Akioneshwa mwishoni, atapata mshangao mmoja tu. Mpangilio huo hauwezi kuachiwa bahati. Ni kazi ya mwandishi.

3.0 Ubunifu wa papo kwa papo na haki ya mtunzi

Filamu nyingi za video za Tanzania katika miaka ya 2000 ziliigizwa kwa kufuata muhtasari wa maonesho, si mazungumzo yaliyoandikwa. Utaratibu huo ulihifadhi uhai wa usemi, lakini mara nyingine ulirefusha mazungumzo pasipo kusogeza kisa.

Lipo pia suala la haki. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki Na. 7 ya mwaka 1999 inalinda maandishi pamoja na maonesho ya wasanii. Hata hivyo, atungaye kwa mdomo mbele ya kamera hupata taabu kuthibitisha kipi ni chake. Mwaka 2018, Majuto akiwa mgonjwa, waziri mwenye dhamana ya sanaa aliunda kamati ya kupitia mikataba yake. Tukio hilo lilidhihirisha kuwa umaarufu pekee haumlindi msanii.

4.0 Hitimisho

Mswada hauui kichekesho iwapo unapanga matukio na kumwachia mwigizaji nafasi ya kuyavalisha maneno. Kwa mchekeshaji, kuandika ni kuikadiria mapema hadhira asiyoiona, na ni kuweka ushahidi wa jasho lake.